Swali Nililoliogopa Kule Molo

Ilikuwa saa nne kasoro robo asubuhi, mwanangu, gari la redio liliposimama mbele ya nyumba ya Mama Kiprop, kule juu Molo. Naikumbuka siku ile kuliko siku nyingine zote za kazi yangu. Ukungu ulikuwa bado umelalia mashamba ya viazi, na miaka ya hamsini ilikuwa inakaribia kwisha. Nilishuka nimevaa tai.

Umemaliza masomo ya sheria, na sasa televisheni wanakuita uendeshe kipindi cha mazungumzo. Unaniuliza nilivuka vipi kutoka kortini hadi redioni, mimi niliyetangulia kupita njia hiyo. Sheria niliisoma kwa masomo yaliyoletwa kwa posta, huku nikiwa karani wa wakili mmoja mjini Nakuru, mpaka nikaruhusiwa kusimama kortini mwenyewe. Redio ilipotafuta mtu wa kuhoji watu kwa Kiswahili, ilinichukua kwa sababu nilijua kuuliza. Televisheni ilikuja baadaye sana.

Yule wakili alinifundisha kanuni moja: usimuulize shahidi swali ambalo hujui jibu lake. Kortini kanuni hiyo ni nzuri, na imewaokoa wengi. Nikapanda nayo Molo.

Mama Kiprop alikuwa mkamuaji wa ng'ombe katika shamba la mzungu upande wa Njoro. Mzungu aliuza shamba, na vibanda vya wafanyakazi vikabomolewa. Mwanawe wa pekee, Kiprop, alikuwa safarini na malori. Aliporudi hakukuta nyumba, na mtu mmoja akamwambia mama yake amekufa. Kijana akaondoka analia. Mama alizipata habari hizo kwa majirani, lakini alikoelekea mwanawe hakuna aliyejua. Sasa alikuwa mgonjwa wa kifua, na alitaka redio imwambie mtoto wake kwamba yu hai, kabla neno hilo halijageuka kuwa uongo.

Fundi aliwasha mashine ya kunasa sauti, nami nikaanza.

"Wewe ni mama yake Kiprop. Ni kweli au si kweli?"

"Ni kweli."

"Ulikuwa ukiishi karibu na Njoro. Ni kweli?"

"Ni kweli."

"Na leo hii uko hai."

"Nafikiri," akasema. Fundi akacheka. Mimi sikucheka.

Niliendelea hivyo mpaka akavuta shuka mdomoni na kunyamaza kabisa. Hapo ndipo shemeji yake, Mzee Koech, aliyekuwa amekaa juu ya debe la maziwa, alipoomba mashine izimwe. Mzee huyo ndiye aliyekuwa nyapara wa wakamuaji katika shamba lile.

"Kijana, huyu mama ameiba nini?"

"Hajaiba kitu, mzee."

"Basi mbona unamshika hivyo? Hujauliza habari ya ng'ombe. Chai iko hapo inapoa, na wewe unaangalia saa. Hapa kwetu mgeni akiacha chai, tunajua amekuja kudai deni."

"Nimekuja kumsaidia, mzee."

"Najua. Lakini akina Kiprop wamejaa kutoka hapa mpaka Olenguruone, na kila mmoja ana mama. Kiprop huyu wetu ameambiwa mama yake amekufa. Kwa nini akuamini wewe na tai yako?"

Nilikaa chini nikanywa chai. Nikauliza habari ya ng'ombe, na nikaambiwa kwa kirefu. Mashine ilipowashwa tena, niliuliza swali ambalo jibu lake sikulijua, na niliuliza kwa hofu.

"Mama, Kiprop angekuwa hapa, ungemwambia nini?"

Alinyamaza. Ulimi wangu ulitaka kuujaza ule ukimya. Mzee Koech akanitazama, nikautuliza.

Kisha mama akaanza kuimba taratibu, bila maneno. Shamba lile lilikuwa na ng'ombe mwekundu mwenye pembe iliyovunjika, ambaye hakutoa maziwa mpaka aimbiwe hivyo, na Kiprop mdogo ndiye aliyemshika ndama. "Alikukanyaga mguu," mama akasema, kana kwamba mwanawe yuko mbele yake, "ukalia mpaka mzungu akatoka na kikombe chake. Mguu umepona?"

Kipindi kilipotangazwa, Kiprop alikuwa Mai Mahiu, katika hoteli ya madereva yenye redio ya betri. Baadaye aliniambia mwenyewe: "Jina langu nililisikia nikaendelea kula. Huo wimbo ndio ulinisimamisha." Siku hiyohiyo akapanda lori la dereva mmoja aliyekuwa akila naye pale. Alimkuta mama yake hai, akamuuguza mpaka mvua za mwaka uliofuata, kisha akamzika kwa mikono yake.

Mwanangu, wakili huuliza ili athibitishe anachokijua. Wewe utakayekaa mbele ya kamera, uliza kwa sababu hujui, halafu nyamaza. Kunywa chai ya mtu kabla hujamhoji, awe waziri au mkamuaji. Na usiogope jibu likikupeleka usikopanga kwenda, maana aliye mbele yako hakuja kukutetea wewe wala maswali yako.

Mungu akupe sikio lenye subira. Akupe mzee wa kukuzima unapokosea, na wasikilizaji kama yule dereva wa lori, aliyekuwa amekaa meza moja na Kiprop na kuusikia wimbo ule, na ambaye walipofika Molo aliitazama nauli aliyopewa, akairudisha yote mkononi mwa kijana: shilingi tatu.