Siku Uwanja Mzima Ulipobishania "Achia"

Kabla ya kila mechi ya ligi yetu, mwamuzi alituita katikati ya uwanja na kutukumbusha jambo lilelile: ukitaka mwenzako auache mpira, taja jina lake. Usipaze sauti "Wacha!" hivi hivi, kwa sababu beki wa upande wa pili anaweza kudhani anaambiwa na kipa wake, akauacha kweli, na hapo utakuwa umemdanganya. Ukifanya hivyo mpira wanapewa wapinzani, na kama bao limeingia, linafutwa. Tuliitikia "Sawa, refa" huku tukirukaruka kupasha misuli. Hakuna aliyesikiliza. Maneno ya uwanjani tuliyajua tangu utotoni.

Yalikuwa machache. "Mtu!" maana yake kuna mpinzani mgongoni mwako. "Geuka!" maana yake hakuna mtu, una nafasi. Na "Achia!" kwetu ilikuwa na maana moja tu, kuanzia Kabiria hadi Uthiru: piga. Achia shuti. Usifikirie, usitafute pasi, fyatua. Mashabiki waliipaza kwa pamoja nilipokaribia lango, akina mama wauza mayai ya kuchemsha wakiwemo, na mguu wangu ulikuwa umeizoea kiasi kwamba ulitii kabla kichwa hakijaamua.

Mimi nilikuwa namba tisa. Ilikuwa ile miaka ya mwanzo ya elfu mbili, watu wakianza kushika simu za mkononi, na mshambuliaji wa ligi ya chini aliishi maisha mawili. Jumapili nilikuwa mtu mkubwa. Watoto walinifuata hadi kwenye geti la ploti yetu, na kinyozi wa stendi alikataa kunilipisha nikifunga, na alikataa kuninyoa nisipofunga. Siku nyingine nilikuwa muuzaji katika duka la jumla kule Ngara, nikishusha ndoo, beseni na viti vya plastiki kutoka kwenye malori. Niliwahi kwenda kujaribiwa na klabu kubwa, nikacheza vizuri asubuhi yote, kisha wakaniambia nirudi mwaka ujao. Mwaka uliofuata goti lilivimba. Baada ya hapo hakuna aliyeniita tena, na mimi nikaendelea kufunga mabao kwenye viwanja vya vumbi vilivyochorwa mistari kwa majivu.

Ndipo msimu mmoja tukaanza kushinda na hatukukoma. Kocha wetu, ambaye siku za kazi alikuwa fundi wa magari, alituketisha kwenye nyasi baada ya mazoezi na kutuambia habari iliyotufanya tusahau kuvua viatu. Kulikuwa na mdhamini. Tukipanda daraja, tungelipwa mshahara kila mwezi na kufanya mazoezi kila asubuhi kama wachezaji wa kweli. Tusipopanda, mdhamini huyo angetafuta timu nyingine.

"Kila asubuhi?" nikauliza.

"Kila asubuhi. Kwani wewe una kazi gani ingine?" akasema, na wote wakacheka, kwa sababu walijua ndoo na beseni zangu.

Nilikuwa nikikaribia miaka thelathini. Nilijua hesabu yangu: tukipanda, mpira ungekuwa kazi yangu. Tukibaki, ningezeeka kwenye kaunta ya Ngara.

Jambo la kuchekesha ni kwamba tulihitaji kumfunga bosi wangu. Mwenye duka lile alikuwa Mhindi aliyezaliwa Ngara, aliyerithi duka kutoka kwa baba yake, na mapenzi yake makubwa baada ya biashara yalikuwa timu ya vijana wa mtaa ule. Yeye ndiye aliyewanunulia jezi. Mechi ya mwisho ya msimu ilikuwa kati yetu na wao, Uthiru, kwenye uwanja wa shule. Wao sare ingewatosha kupanda. Sisi ilikuwa lazima tushinde.

Wiki nzima bosi hakuniacha nipumue.

"Umekula vizuri leo?" aliniuliza kila asubuhi.

"Nimekula, bosi."

"Mbaya sana. Beba hizi mitungi zote kwa stoo. Mbili mbili. Mpaka Jumapili miguu ikatae."

"Bosi, hiyo ni kuhujumu mechi."

"Hapana, hiyo ni kazi."

Jumapili ilifika na Uthiru ikajaa. Watu walisimama hadi kwenye mistari, wengine juu ya ukuta wa shule, na bosi akaketi kando ya uwanja kwenye kiti cha plastiki alichotoka nacho dukani. Aliwajua wachezaji wake kwa namba tu na aliwaelekeza hivyo hivyo. Namba nne, beki wao wa kati, ndiye aliyepewa kazi yangu.

"Namba nne! Huyo namba tisa namjua! Ni mvivu! Simama karibu na yeye tu!"

Namba nne alisimama karibu kweli. Alinisukuma kwa kiwiko, akanikanyaga kidole, na kila nilipogeuka nilikutana na kifua chake. Kipindi cha kwanza sikupiga hata shuti moja. Wakati wa mapumziko kocha hakunikaripia. Alinimwagia maji kichwani na kusema, "Atachoka. Mtu anayesukumana hivyo huchoka."

Upande wa kulia tulikuwa na winga mgeni, kijana wa Mombasa aliyekuja Nairobi kufanya kazi kwa mjomba wake na kutufikia katikati ya msimu. Alikuwa na mbio za ajabu. Kasoro yake, kwa maoni yetu, ilikuwa adabu. Alimwita kila mtu kaka, hata aliyemkwatua, na Kiswahili chake cha Pwani kiliwafanya mabeki wacheke mpaka akawapita.

Zilikuwa zimebaki dakika chache, bado hakuna bao, na watu wa Ngara walikuwa wameanza kuimba. Kiungo wetu alitupa mpira mrefu. Uliruka mara moja mbele yangu, nikiwa nimeligeuzia lango mgongo. Nilihisi namba nne akija nyuma, kisha nikahisi amechelewa kidogo. Kocha alisema kweli, alikuwa amechoka. Na kutoka kulia, kwa sauti kubwa, nikamsikia winga wetu:

"Achia!"

Mguu ukatii. Niligeuka na kupiga kwa mguu wa kushoto, ambao hata kushuka ngazi nauogopa, bila kuangalia lango liko wapi. Mpira ukapita chini ya mkono wa kipa, ukaambaa mlingoti, ukaingia, na kwa kuwa hapakuwa na nyavu ukaendelea hadi kwenye matete nyuma ya lango. Kipa akauendea huko.

Sikumbuki jinsi nilivyokimbia. Nakumbuka watu wameingia uwanjani, kocha amepiga magoti, na winga wetu amenishika jezi kwa mikono miwili, uso umejaa hasira.

"Kaka! Wapigaje? Mimi niko peke yangu, lango lote tupu, nakwambia n'achie!"

"Si umesema achia?"

"N'achie! Niachie mimi!"

"Na mimi nimeachia!"

Hatukuwa tumemaliza kubishana tuliposikia filimbi. Mwamuzi alikuwa bado hajaonyesha katikati. Namba nne alikuwa mbele yake, mikono juu.

"Refa, huyu winga amesema achia! Hakutaja jina! Nimesikia nikajua ni kipa wangu, nikasimama. Hilo bao si bao!"

Uwanja mzima ukalipuka. Watu wetu: "Achia ni piga!" Watu wa Ngara: "Achia ni wacha! Futa!" Mzee mmoja juu ya ukuta alianza kutoa mifano. Mwamuzi alipuliza filimbi hadi mishipa ya shingo ikatoka, akatusogeza sisi watatu kando na kuanza na winga.

"Wewe ulisema nini?"

Kila mchezaji wetu aliomba kimoyomoyo adanganye. Ningemkanyaga mguu kama ningekuwa karibu zaidi.

"Nilisema n'achie," akajibu. "Wallahi nilitaka auache mpira."

Kocha akajifunika uso kwa kofia.

"Nani auache?"

"Huyu kaka hapa."

"Ulimtaja jina?"

"Hapana. Ningemtajaje, nami nakimbia?"

Mwamuzi akanigeukia. "Na wewe ulisikia nini?"

"Achia."

"Ukafanya nini?"

"Nikaachia."

Waliokuwa karibu wakacheka, mimi sikuweza. Bao langu, asubuhi zangu zote za mazoezi, mshahara, vyote vilikuwa vimening'inia kwenye neno ambalo kila mtu alikuwa amelisikia kivyake. Mwamuzi akamgeukia namba nne. Niliona kidole chake kikijikunja kwenye filimbi.

"Na wewe uliposikia achia, ulielewa uache mpira?"

"Kabisa, refa. Nilijua ni kipa ananiambia. Ndiyo nikasimama."

Hapo ndipo kipa wao alipotokea kwenye matete, mpira kwapani, nyasi kichwani. Alikuwa mbali wakati wote huo na hakujua kesi inayoendelea. Alikuja moja kwa moja kwa namba nne akifoka.

"Wewe ni beki gani? Unasikia kabisa wanasema achia, mtu anataka kupiga, na wewe unasimama kama posti ya stima! Si ungemziba!"

"Nyamaza, buda," namba nne akamwambia kwa meno yaliyofungwa.

"Ninyamaze nini? Nimekuitia 'Mzibe, mzibe!' mpaka sauti imeisha!"

"Nyamaza!"

Mwamuzi hakusubiri zaidi. Alinyoosha mkono kuelekea katikati ya uwanja. Bao.

Kelele iliyofuata nafikiri waliisikia wasafiri wa Waiyaki Way. Kipa alisimama palepale akimtazama namba nne, kisha mwamuzi, kisha sisi, na nikamwona akielewa polepole alichofanya. Akaketi chini juu ya mpira.

Dakika zilizobaki tulizicheza sote ndani ya eneo letu. Mimi mwenyewe, mshambuliaji, niliondoa kona mbili kwa kichwa, na winga wetu alikimbia na mpira hadi kwenye pembe na kuulinda kwa makalio huku akiomba radhi kwa kila aliyempiga teke. Filimbi ya mwisho ilipolia sikuruka wala sikulia. Nilimkumbatia mtu wa karibu zaidi, na alikuwa namba nne.

Watu wakatubeba, wakatushusha, wakatubeba tena. Nilipopata kupumua nilimwona bosi anakuja, kiti chake cha plastiki mkononi. Nikajiweka sawa.

"Mguu wa kushoto," akasema. "Miaka yote kwa duka langu sijaona hata unafunga mlango na mguu wa kushoto."

"Hata mimi, bosi."

"Kesho lori linakuja."

Nilijua neno linalotakiwa na lilikuwa gumu kutoka, ingawa nilikuwa nimelingoja tangu nilipoanza kuvaa jezi. Nilimwambia kwamba mazoezi yataanza kesho asubuhi, na kesho kutwa, na kila asubuhi baada ya hapo.

Bosi akageuka, akapaza sauti kuelekea lango la mbali ambako wachezaji wake walikuwa wanavua viatu.

"Namba nne! Wewe una kazi?"

"Sina, bosi!"

"Kesho saa mbili dukani. Kusimama unajua. Tutakufundisha kubeba."

Akanipa mkono, akaushika kwa muda mrefu kuliko kawaida yake. Nyuma yangu wenzangu walikuwa wananiita, na winga alikuwa amekwisha kusanya kundi zima akiwaeleza, kwa mikono yote miwili, tofauti ya achia na n'achie.

"Nenda," bosi akasema. "Wanakungoja."

Nikaenda nikikimbia.