Machungwa ya Kukaushwa Same

Juzi mjukuu wangu alinunua dukani kipakiti cha vipande vya machungwa makavu, vya kutia kwenye chai, akaniuliza kama navijua. Nilicheka, mwenzangu, mpaka miwani ikanivuka. Kisha nikakinusa kile kipakiti, na papo hapo nilikuwa nimeshafika kijijini kwetu Shighatini, jikoni kwa bibi yangu, enzi za Mwingereza.

Kule kwetu milimani machungwa yaliiva wakati wa baridi. Bibi aliyakata vipande vya duara, vyembamba, akachokoa kokwa kwa mwiba, akavitandaza kwenye ungo darini, juu ya moto. Maganda ya machungwa tuliyokula aliyakausha kando na kuyatwanga. Unga wake ukitiwa kwenye chai au kwenye nyama ya mbuzi, hata mpita njia alijua leo kwetu kunapikwa. Vipande vilivyo bora alivitunga kwenye uzi viwe pambo la kanisa siku ya Sikukuu ya Mavuno. "Mungu hapelekewi kilichooza," alikuwa akisema.

Mwaka mmoja ukungu ulishuka ukakataa kuondoka. Kuni zilitoa moshi mtupu, na vipande vikavunda kule darini. Bibi alivimwaga shimoni, akarudi kuketi, akasema bila kumtazama Babu aliyekuwa akila:

"Kule chini Same kuna jua."

Babu alikuwa mzee wa kanisa. Aliacha kutafuna. Same ndiko alikokuwa shangazi yangu, binti yao, aliyeolewa na mfanyabiashara Mwislamu. Tangu aondoke, jina lake halikutajwa nyumbani.

"Nenda," akasema mwishowe. "Ila usiniletee habari za mtu."

Tukateremka, Bibi na kapu la machungwa kichwani, mimi na kikapu changu, mpaka stesheni ya Lembeni tukapanda treni. Sikuwa nimewahi kuona nchi tambarare. Nilidhani dunia yote ni mteremko. Tuliposhuka Same, anga lilikuwa kubwa mno hata nikashika khanga ya Bibi, nikiogopa kuangukia juu.

Shangazi alifungua mlango, akapiga magoti pale pale vumbini.

"Shikamoo, mama."

Bibi alitua kapu chini.

"Marahaba, mwanangu. Nimekuletea kazi."

Basi wakakaa uani wakikata machungwa, magoti yao yakigusana, wala hakuna aliyeuliza lolote la zamani. Mume wa shangazi alipanda ngazi mwenyewe, akatandika jamvi safi juu ya bati. Jua la Same halibembelezi: kesho yake jioni vipande vilikuwa vikilia kama majani makavu. Shangazi akaninyanyulia kimoja mbele ya jua.

"Tazama."

Nikatazama. Kila mshipa wa chungwa ulikuwa unawaka, kila chumba chake kimejaa moto usiounguza. Niliogopa kukishika.

Usiku tulikula wali wa mpunga wa Kihurio na mchuzi uliotiwa ndimu kavu, nyeusi, ngumu kama kokoto. Bibi alilamba vidole.

"Nani amekufundisha?"

"Mama mkwe."

"Amekufundisha vizuri."

Shangazi akageuza uso ukutani.

Tulirudi milimani, tukavitunga vipande, na siku ya sikukuu tukazitundika zile nyuzi kwenye madirisha ya kanisa, ambayo hayakuwa na vioo. Asubuhi ilikuwa kijivu. Tulipokuwa katikati ya wimbo, ukungu ukapasuka, jua likapita kwenye machungwa, na ukuta wote, nyuso zote, joho la mchungaji, vikageuka rangi ya asali. Wimbo ulikatika wenyewe. Watoto wachanga wakaacha kulia. Nilimwona Babu amekunjua kiganja chake, ile nuru imekaa juu yake, naye anakigeuza polepole kama mtu aliyepewa kitu asichokijua.

Jioni alituuliza, "Yale machungwa, aliyakausha yeye?"

Bibi aliendelea kukoroga chungu, kwa kuwa alikatazwa kuleta habari. Mimi sikukatazwa.

"Ni Shangazi, Babu. Na anapika wali mtamu."

Babu aliutazama moto.

"Hajambo?"

"Hajambo," nikamjibu.

Siku chache baadaye alivaa koti lake la kanisani, akachuma machungwa, akalibeba kapu mwenyewe mpaka stesheni, mwanamume mzima, watu wakimshangaa. Nilifuatana naye mpaka Same. Mbele ya mlango wa Shangazi alisimama muda mrefu, akakohoa, akasema kwa sauti ndogo:

"Hodi."

Kabla mlango haujafunguliwa, ndani ilijibu sauti ya mtu anayelia:

"Karibu, baba."

Wote wamelala makaburini sasa. Michungwa ile ilizeeka ikakatwa, nyumba ya Bibi imebaki mawe ya msingi, na kanisa limetiwa vioo. Mwaka jana nilipita Same nikautafuta ule mlango. Pana duka la simu. Kijana wa pale, mpole, aliniamkia, akaniuliza nahitaji nini.

"Sihitaji kitu, mwanangu," nikamwambia. "Niache nisimame hapa kidogo."