Merveille na droni inayokimbiwa Baraka

Saa kumi na mbili jioni, Merveille Irankunda anashuka kwenye pikipiki karibu na soko la mji wa Baraka, mashariki mwa Kongo, anashika kipaza sauti na kutangaza habari ya droni ya kukagua umeme, kwa Kiswahili, kisha Kibembe, kisha Kirundi.

“Iko ya courant, haiko ya vita. Mubakie pa nyumba, musikimbie.”

Watu wanaitikia kwa kichwa. Droni inapoanza kuvuma, wanakimbia vilevile. Nani awalaumu? Wengi walifika hapa wakikimbia mlio kama huo.

Merveille, 29, binti wa wakulima waliokimbia vita Burundi, ameajiriwa na kampuni ndogo ya umeme wa jua. Droni yake ina kamera inayoona joto. Giza likiingia na kila nyumba ikiwasha taa, viungio vya waya vilivyolegea hupata joto, na kwenye skrini vinang'aa vyeupe. Jicho la mtu halivioni.

Anavitafuta kwa hasira, wala haifichi. Mwaka juzi, kabla droni haijaletwa, kaka yake Itangishaka alipanda nguzo kukagua laini kwa macho. Kiungio kilichokuwa kimeungua kiliachia, waya wenye umeme ukampiga kifuani.

“Hata hakuanguka,” anasema. “Mukanda ulimushikilia kule juu, batu banaangalia tu.”

Sasa msimamizi wake, Alphonse, amechoka na malalamiko. Mama mjamzito alianguka akiikimbia droni. Watu wakiendelea kukimbia hadi mwisho wa mwezi, ataifungia droni stoo, na Wilfried, fundi aliyebaki, atapanda nguzo kama alivyopanda Itangishaka.

“Wilfried iko na batoto bane,” anasema Merveille. “Mi sitaki kuzika mwingine.”

Amewaonyesha kina mama picha za skrini, akawaomba wakae kando ya mbabula zao, majiko ya makaa, droni inapopita juu. Jirani yake, Marthe, alimjibu bila kupepesa macho: “Mama yako mwenyewe anakimbia. Sisi tubakie juu ya nini?”

Mama huyo ni Pulchérie. Asubuhi aliahidi kwamba leo atakaa.

Droni inafuata laini ya kwenda maternite, hospitali ya wazazi, inapita juu ya ua wa Merveille na mama yake. Kwenye skrini mbabula inang'aa. Kiti kilicho kando yake ni cheusi, kitupu. Nyuma ya choo kuna kitu chenye joto, kimejikunja chini.

Merveille anaishusha droni. Kipande cha mwisho cha laini kinabaki bila kukaguliwa, na jambo hilo linamuuma.

Nyumbani, Pulchérie anasonga ugali, macho chini. “Nilitaka kubakia, mwanangu. Ni miguu ndiyo ilikimbia.”

Merveille anaeleza mpango wake. Wilfried ameshajifunza kuirusha. Kesho ataishika yeye.

“Mi nitaikala hapa pa mbabula, nimushike mama mukono,” anasema. “Akikimbia, atanikokota.”