Harufu ya Omena

Juzi binti yangu alirudi kutoka shuleni, hapa Muhuru Bay, akinuka omena. Darasa lao lilishinda ufuoni likianika samaki hao, na mwalimu akawapigia makofi. Nilitabasamu, lakini nilimwonea wivu.

Nilipokuwa na umri wake, alasiri moja niliingia darasani nikitoka kuanika omena na mama, magamba yakimetameta mikononi. Mwalimu aliziba pua.

"Nenda ukaoge kwanza. Hapa ni mahali pa masomo."

Nilijisugua kwa mchanga wa ziwani mpaka ngozi ikawasha, nikiamini elimu haiingii kwenye mwili unaonuka samaki.

"Mama, nusa," binti yangu alisema akininyooshea viganja. "Leo sitaki kunawa."

Nilimwambia akanawe.