Kigoda Nilichokichora Ndera

Mwaka 1992 nilifunga safari ya Kigali kwa sababu moja tu: kazi ilitaka kuniponyoka. Mimi ni mbunifu wa mandhari ya filamu za katuni. Kabla mtoto wa kwenye filamu hajachorwa akikimbia, mimi ndiye huamua nyumba yao ikoje na mlango uwe wapi. Studio yetu ya Nairobi ilikuwa ikitengeneza filamu ya familia ya Kinyarwanda, na kwa mara ya kwanza nilikabidhiwa ubunifu wote. Bosi alinieleza bila kuficha kwamba wenyeji wasipozikubali picha zangu, kazi ataipata mchoraji wa Ulaya. Mchoraji wa Ulaya, mimi nipo? Nikafungasha.

Njia ya Uganda ilikuwa imefungwa kwa vita, basi nikazungukia Mwanza na Ngara. Baada ya daraja la Rusumo, mpakani, nchi ikaanza kuinuka. Vilima nilikuwa nimevichora kwa kukisia, na kila kona nilijipongeza kimoyomoyo. Kwenye kizuizi, askari alizifungua picha zangu, akamwita mwenzake naye aone. Kichwa kikanivimba.

Kigali nilifikia Nyamirambo, kwa Bi Zuhura, fundi cherehani. Alizisifu picha, kisha akasema sifa zake si kitu, twende Ndera, nje ya mji, kwa mama yake anayefuga ng'ombe, maana huyo hamsifu mtu bure.

Ndera, asubuhi, yule mama alishika picha niliyoipenda kuliko zote. Nikamweleza kwa madaha: mtoto ataingia mbio, atanyakua icyansi, kile chombo cha mti cha maziwa, hapa chini mlangoni, atakunywa wima na kutoka.

Akanirudishia picha. "Hii nyumba haiko na mama," alisema.

Iliniuma, sisemi uongo. Bi Zuhura akanifafanulia kwamba maziwa hayawekwi chini mlangoni kama maji ya kunawa. Yana ulingo wake ndani, jukwaa dogo la kuwekea vyombo, yamefunikwa, na mtu huyanywa ameketi. Mimi si mwepesi wa kukosolewa. Nilinuna hadi chai ikapoa. Halafu nikajiambia mbio za mtoto si zangu, hadithi ilikwisha kuandikwa na bosi. Vyangu ni vyombo na vyumba tu.

Haya, vyombo na vyumba. Nikaketi uani, nikachora upya: ulingo wa udongo ndani kabisa, icyansi zimepangwa na vifuniko vyake vya kusukwa vilivyochongoka, na mbele yake, katikati ya njia, kigoda. Atakayemchora mtoto amkalishe, au amkwaze. Mama aliitazama picha. Aliagiza niletewe maziwa.

Nairobi, bosi alitaka kigoda kiondoke, eti kinamzuia mtoto.

"Ndiyo kazi yake," nikamwambia. "Kikiondoka, naondoka nacho."

Kilibaki, nami nikabaki. Safari ile ilinifunza kwamba sichori nyumba ili ipendeze. Nachora jinsi watu wake wanavyoheshimiana.

Filamu ilipokamilika nilimpelekea Bi Zuhura kanda. Alinipigia simu. Mama yake alimwona mtoto akiingia mbio, akisimama ghafla mbele ya kigoda, akiketi na kupokea maziwa kwa mikono miwili. Mama akauliza mtoto yule ni wa nani. Bi Zuhura akamwambia ni picha tu, mama, hana wazazi.

"Hapana," mama akasema. "Huyu wamemlea."

Nimesifiwa na wengi tangu hapo. Nikiulizwa nimefanya nini maishani, huanza na hilo.