Beki wa Kati na Barua ya Posa

Mwaka niliopeleka posa nilikuwa nacheza beki wa kati katika timu yetu ya Jumapili pale Bredäng, kitongoji cha Stockholm, na kipa wetu alikuwa baba wa msichana niliyemposa. Sikupanga hivyo. Timu niliikuta, kipa nilimkuta, na binti yake nilimwona mara ya kwanza alipokuja uwanjani kumletea baba yake glovu alizozisahau nyumbani. Mengine yakajiendea yenyewe.

Barua aliiandika mjomba wangu Tanga, kwa mkono, kwa Kiswahili kinachopiga magoti kila mstari wa pili. Ikaja na msafiri, imefungwa ndani ya kitambaa cheupe. Hapa Stockholm sina wazee wa kunitangulia, basi nikaipeleka mwenyewe, jambo ambalo mjomba hajalijua mpaka leo. Mzee aliipokea mlangoni, akasema, "Asante, nitasoma," akafunga mlango. Miezi minne ikapita, jibu hakuna.

Kila Jumapili nilimwamkia shikamoo, akaitika marahaba, akavaa glovu zake, nami nikaenda kusimama mbele yake nikiwa nimempa mgongo. Alikuwa Mganda mrefu, mtu wa maneno machache, aliyekimbia kwao akiwa kijana na kukiokota Kiswahili chake Nairobi alikopita. Hapa aliendesha treni za chini ya ardhi mpaka akastaafu. Binti yake aliona mambo yetu ni kichekesho kitupu. "Si umuulize tu?" aliniambia kwa Kiswidi. Yeye kazaliwa hapa, swali kwake ni swali. Kwangu mimi, kumuuliza mzee atajibu lini ni kumwambia usoni kwamba amechelewa, na mtu aliyeendesha treni maisha yake yote humwambii amechelewa.

Uwanjani tulikuwa tunafungwa vibaya. Tulicheza saba kila upande, na namba zilitolewa kwa heshima: wenye umri mkubwa walikaa mbele au golini, kwa kuwa hakuna aliyethubutu kuwaambia wakimbie, na sisi wadogo tukarundikwa nyuma. Wahenga wanasema kimya kingi kina mshindo. Mshindo wetu ulikuwa wa mpira kutikisa nyavu, mara nne au tano kila Jumapili.

Mtaliano alitujia katika moja ya Jumapili hizo. Alikuwa fundi vigae, nimewahi kumwona akibeba ndoo zake kwenye jengo ambalo mimi nilikuwa natengeneza lifti. Siku hiyo alisimama nje ya uzio, kakunja mikono, mpaka tulipofungwa bao la tatu. Akashindwa kuvumilia. "Nani anaongea hapo nyuma?" alifoka kwa Kiswidi chake cha kukoroga. Hakuna aliyemjibu. "Ndiyo maana!" akasema, akazunguka akaingia uwanjani, na tangu siku hiyo akawa kocha wetu bila mtu kumteua.

Aliwahi kuwa beki wa kulipwa kwao kwa miaka kumi na saba. Alitueleza habari zake kidogo kidogo, huku akipanga koni. Alicheza kwenye mji wa kiwanda cha saruji, ambako wachezaji walikohoa vumbi mpaka mapumziko. Alicheza kisiwani, ambako mechi moja iliahirishwa kwa sababu ya mbuzi waliogoma kutoka uwanjani. Alivunjika pua mara tatu, na kila mara ilirudi ikielekea upande mwingine. Sifa yake kuu ilikuwa sauti. Anasema kuna mashabiki walioishi mbali na uwanja waliofuatilia mechi kwa kufungua dirisha tu, wakimsikia akiwapanga wenzake. Mwishowe goti likamsaliti, akapelekwa kwa mtaalamu wa viungo, mwanamke wa Kiswidi aliyekuwa akifanya kazi huko. Goti halikupona sawasawa, lakini ndoa ilisimama, na ndiyo iliyomleta Stockholm.

"Beki hachezi kwa miguu," alitwambia. "Anacheza kwa mdomo. Kipa haoni unachokiona wewe. Wewe ndiye macho yake. Ukinyamaza, umempofusha."

Ili tuelewe, alimfunga mzee macho kwa skafu, akamsimamisha katikati ya goli, kisha akaniambia nimwongoze kwa sauti tu. Kulia, kushoto, toka, rudi. Maneno manne. Mtoto wa chekechea angeyaweza.

"Mzee," nilianza, "samahani, kama haitakusumbua, sogea kidogo kushoto kwako…"

Mzee, ambaye alishaanza kutembea, akagonga mlingoti wa goli kwa paji la uso. Mlio wake ulisikika mpaka kwenye maegesho ya magari. Timu nzima ikageuka kutazama miti. Mzee akafungua skafu, akanitazama kwa muda niliouona mrefu kuliko miezi minne, akasema, "Kijana, ungesema 'simama' tu." Nikajua barua yangu imekwisha habari yake.

Baada ya mazoezi Mtaliano aliniweka kitako. Aliijua habari ya posa, maana Bredäng nzima iliijua. Nilitegemea anicheke. Badala yake alinisimulia mechi yake pekee ya ligi kuu.

Alikuwa na miaka kumi na tisa. Klabu kubwa ilimchukua, akakaa benchi msimu karibu wote, mpaka Jumapili moja beki mwenye namba akaamka na homa. Kipa wa timu ile alikuwa mtu mzima wa miaka thelathini na saba, ambaye Mtaliano alipokuwa mtoto alibandika picha yake ukutani. Katika chumba cha kubadilishia nguo alikuwa bado anamwita bwana. Zilipobaki dakika ishirini, krosi ikapigwa. Akaona kipa amekosea hesabu, na akaona kwamba yeye anaufikia mpira kwa kichwa bila taabu. Kilichotakiwa ni kupiga kelele: acha, wangu! Neno likafika kooni, akamkumbuka mtu wa pichani, akalimeza. Wakagongana wote wawili, mpira ukajiviringisha taratibu mpaka ndani ya goli. Hakupangwa tena. Miaka iliyobaki aliimaliza kwenye madaraja ya chini, akipiga kelele kwa niaba ya ile siku moja.

"Unajuta kwa lile bao?" nilimuuliza.

"Kufungwa sijutii. Beki hufungwa, ndiyo kazi yake. Najuta nilinyamaza."

Maneno yale yaliniingia. Nilijaribu mazoezini, kweli nilijaribu. Niliweza kumfokea kila mtu isipokuwa yule mmoja. Nikifungua mdomo nilimwona mzee akiwa na kitambaa cheupe mkononi, na sauti ikarudi tumboni. Nilijichukia, maana nilimpenda yule msichana kupita kiasi, na niliona wazi kwamba heshima yangu imeshageuka woga.

Mechi ya mwisho ya msimu tulicheza ugenini Hässelby, mwisho kabisa wa njia ya treni ya kijani. Hakukuwa na kikombe cha kugombea. Tulikuwa sare ya moja kwa moja, jambo ambalo kwetu lilikuwa sawa na ubingwa, na dakika zimebaki chache, Mtaliano hana tena sauti huko pembeni, anatupa mikono tu. Wakapiga krosi kutoka kulia. Niliuona mpira tangu ulipoondoka mguuni. Nikasikia hatua za mzee zikija nyuma yangu.

"Acha!" Nilishtuka, kumbe sauti ile ilikuwa yangu. "Acha! Rudi! Wangu huo!"

Hatua zikasimama. Nikaruka, nimefumba macho kwa furaha, mpira ukanigonga kisogoni na kuingia pembeni ya goli letu, pale ambapo mzee angekuwa amesimama kama si mimi kumfukuza.

Tukafungwa mbili kwa moja. Nilijifunga mwenyewe baada ya kumfokea baba mkwe mtarajiwa mbele ya kadamnasi. Mtaliano, wa ajabu yule, alikuwa anaruka pembeni akishangilia, mpaka wale wa Hässelby wakadhani ni shabiki wao.

Tukarudi chumbani kuvua jezi. Mzee alikaa mbele yangu, akavua glovu moja, akaiweka chini, kisha ya pili.

"Ule mpira ulikuwa wangu," alisema.

"Ndiyo, mzee. Naomba radhi."

"Wangu kabisa. Ulikuwa unakuja mkononi yangu."

"Kweli, mzee."

"Ile barua yako mimi nimesoma mara mingi. Barua nzuri sana. Lakini ni sauti ya mjomba. Nikajiuliza, sasa huyu kijana mwenyewe, sauti yake iko wapi? Kila Jumapili nangoja, wapi. Mpaka nagonga kichwa, wewe bado unasema samahani." Watu walianza kucheka chini chini, naye akawangoja wamalize. "Tangu mama ya huyu msichana afe, hakuna mtu aliniambia 'acha' nikaacha. Leo nimeacha." Akainuka, akachukua begi lake. "Mwambie mjomba apige simu."

Akatoka. Nilibaki nimeshika kiatu kimoja, machozi yananitoka mbele ya wanaume sita, na sikuona haya.

Mtaliano hakuwa ameelewa neno hata moja. Akanivuta mkono: amesema nini, amesema nini? Nikamtafsiria kwa Kiswidi yote, na habari ya marehemu mkewe pia. Akaketi benchini taratibu, kwa ajili ya goti.

"Kipa wangu hakunisemesha," alisema. "Si chumbani, si kwenye basi. Ningempigia kelele nikakosea, angenitukana, na yangekwisha palepale." Akapenga kwa taulo. "Miaka yote hii nilidhani alinikasirikia kwa bao."

Nikamwekea mkono begani.

"Mkwe!" Ilikuwa sauti ya mzee, kutoka nje. "Mkwe! Treni inaondoka!"

Nikamtazama Mtaliano, ambaye alikuwa bado hajavua viatu.

"Ngoja hapo!" nilipiga kelele. "Tunakuja!"

Tulipotoka, treni ilikuwa imekwenda, na mzee alikuwa amesimama getini, anangoja.