Siku Isiyo na Mwaka

Binti yangu alikuwa na miaka tisa wakati yeye na baba yake walipotunga kalenda ya nchi ambayo haipo. Baba yake ni fundi wa malori pale Maungu na siku hizo alikuwa akirudi nyumbani Jumamosi tu, kwa hiyo nchi ile waliijenga kwa simu, jioni baada ya jioni, mimi nikisonga ugali na kuwasikiliza juu juu. Angani kwao kulikuwa na miezi miwili, mweupe na mwekundu. Mwekundu uliufukuza mweupe, na siku ulipoufikia, mwaka uliisha. Walikuwa na majira ya Vumbi, ya Kunde, ya Ukungu, na ya Siafu. Sheria zake sikuzijua. Nilifurahi tu kwamba mtoto ana la kuongea na babake.

Likizo ya Agosti tulikuwa kwa mama mkwe wangu, chini ya mlima wa Sagalla. Alasiri moja nilimwona mtoto akielekea kwenye miamba iliyo nyuma ya shamba, mahali alipozoea kucheza. Sikumkataza. Jua lilikuwa bado juu.

Baadaye kidogo jirani yetu, mzee anayelima ng'ambo ya korongo, alikuja akitembea haraka, kofia mkononi.

"Mama, watoto wako ndani?" aliuliza. "Ndovu wameingia. Kuna jike ana mtoto mchanga. Yuko kwenye ile miamba yenu."

Niliacha mchele kwenye ungo na kukimbia. Mama mkwe alinifuata akilia kwa Kidawida, akimwomba Mungu. Nilipofika mwisho wa shamba nilimwita mtoto kwa jina lake. Kimya. Nikaita tena, kwa nguvu zangu zote, mpaka koo likauma. Kwenye vichaka mbele yangu tawi lilivunjika, kisha nikaliona sikio kubwa likipepea, lenye rangi ya udongo wetu mwekundu.

Mzee alinishika mkono. "Usipige kelele, mama. Huyo ana mtoto. Ukimshtua atakuja."

"Na wangu je?"

Alizidi kunishika.

Binti yangu si kiziwi, wala si mtoto wa kunyamaza akiitwa. Kama haitiki, niliwaza, basi hawezi kuitika. Miguu ilianza kunitetemeka hadi nikalazimika kuchuchumaa. Nikampigia mume wangu, nikamweleza kwa kunong'ona. Kwake nilisikia nyundo zikigonga chuma, kisha nikasikia akiwafokea wenzake wanyamaze.

"Unamwita vipi?" aliuliza.

"Kwa jina lake! Nimwite vipi tena?"

"Ngoja. Jana aliniambia mwezi mwekundu umeufikia mweupe. Leo ni siku isiyo na mwaka. Mwaka wa zamani umekufa, mpya haujazaliwa, na ule uliokufa unatafuta majina ya kwenda nayo. Ukiitwa kwa jina siku hiyo, huitiki. Hata kama ni mama yako anaita. Hasa kama ni mama yako, maana mwaka hujua kuiga sauti."

Ningekuwa karibu naye ningempiga kofi.

"Watu wa nchi yenu wanaitana vipi, basi?"

"Jiwe kwa jiwe. Taratibu. Halafu unangoja."

Niliokota mawe mawili. Mzee alinitazama kana kwamba nimerukwa na akili, lakini hakunizuia. Niligonga taratibu. Sikio lile lilisimama. Nikagonga tena, na kwa muda hakukuwa na kitu ila pumzi za mama mkwe nyuma yangu.

Ndipo jiwe likajibu. Lilitoka juu ya mwamba mkubwa, upande wa kushoto, na ndovu alikuwa kati yetu.

"Ni mama," nilisema, si kwa sauti kubwa, na jina nikalimeza. "Ndovu yuko hapo chini. Lala kifudifudi. Usishuke mpaka nije."

Jiwe liligonga mara moja.

Tulingoja. Yule jike alivuta majani, akasimama, akageuka upande wetu, akanusa hewa kwa mkonga. Mtoto wake alijikwaa kwenye mawe na yeye akamsukuma kwa mguu. Jua lilikuwa limegusa mlima walipoanza kuondoka kuelekea korongoni, polepole mno.

Mzee aliponiashiria kwa kichwa kwamba niende, nilipanda ule mwamba kwa mikono na magoti. Binti yangu alikuwa amelala kifudifudi kama nilivyomwambia, shavu juu ya jiwe, amejikojolea.

"Nilikusikia, mama," alisema. "Lakini ulikuwa unaita jina."

Sikumgombeza. Nilimbeba mgongoni hadi nyumbani, ingawa alikuwa mzito kwangu.

Jumamosi baba yake alitufuata kwa mamake, akataka kuifuta siku ile kabisa kwenye kalenda. Mtoto alikataa, akalia, akasema watu hawafuti siku kwa sababu mtu mmoja aliogopa. Kisha akanigeukia na kuniuliza niliogopa kiasi gani. Nikamwambia yote, hata habari ya miguu. Alisikiliza akichezea pindo la kanga yangu.

"Basi wamama waruhusiwe," alisema hatimaye. "Wewe ukiita nitaitika. Lakini baba bado agonge."

Baba yake alikubali. Nami nikarudi jikoni kuchambua kunde, maana mama mkwe alikuwa ameshaanza kuniuliza kama leo tutakula.